Mwalimu wa Ajabu na Haki ya Mwanafunzi

Kila aliyepita shuleni hukumbuka walimu wachache tu. Wengi waliomfundisha huchanganyika katika kumbukumbu yake kama sura za abiria wa safari ya zamani. Lakini mmoja au wawili hubaki wazi, na aghalabu hao ni wale waliotenda jambo lisilo la desturi. Kwa sababu hiyo imezoeleka kuwasifu walimu wa ajabu kana kwamba ajabu yenyewe ni wema. Mtu husema, "Yule hakufanana na wengine," akadhani amekwisha kumsifu. Lakini mnyang'anyi naye hafanani na wengine. Swali linalostahili kuulizwa ni jingine: mwalimu aachapo njia iliyozoeleka, akawatia wanafunzi wake katika jambo wasilolitazamia, ana haki gani juu yao, na haki hiyo hukoma wapi?

Lugha yetu inatusaidia kuliona swali hili. Neno mwanafunzi lina mwana ndani yake. Hatumwiti mteja wa elimu, wala mgeni wa darasa. Tunamwita mwana, na mwana hupokea kabla ya kupima. Mtoto aingiapo darasani huwa amekwisha kumwamini mwalimu, ilhali mwalimu hajatenda lolote la kustahili imani hiyo. Imani ile ni mali ya mtoto na ya wazazi waliomleta. Mwalimu amewekewa amana tu. Mwalimu wa kawaida huitumia kidogo kidogo: akisema kuwa mto fulani hutoka katika ziwa fulani, hapana mtoto aendaye kuhakikisha kwa miguu yake. Mwalimu wa ajabu huitumia kwa mkupuo mmoja. Hapo ndipo ilipo nguvu yake, na hapo ndipo ilipo hatari yake.

Tarehe 4 Aprili 1968 Martin Luther King aliuawa kwa risasi mjini Memphis. Siku ya pili yake, katika mji mdogo wa Riceville, jimbo la Iowa, nchini Marekani, mwalimu wa darasa la tatu aitwaye Jane Elliott aliingia darasani na shauri lisilo la kawaida. Watoto wake walikuwa weupe wote, na mji wao ulikuwa wa watu weupe. Kuwahubiria juu ya ubaguzi wa rangi ilikuwa kama kumweleza aliyezaliwa jangwani jinsi mtu azamavyo. Basi akawagawa kwa rangi ya macho. Aliwaambia kuwa wenye macho ya rangi moja ni bora na werevu kuliko wenzao, akatunga na hoja ya kisayansi ya uongo ili wasadiki. Kundi moja likaongezewa muda wa mchezo. Jingine likakatazwa kunywa maji bombani ila kwa vikombe vya karatasi. Siku ya shule iliyofuata akageuza mambo: waliokuwa juu wakawa chini.

Mwaka 1970 zoezi hilo, likifanywa na kundi jingine la watoto, lilipigwa picha za filamu, kwa hiyo kila mtu aweza kuyaona yaliyotokea. Watoto waliokuwa marafiki walifika kupigana uwanjani. Rangi ya macho ikawa tusi. Walioambiwa kuwa ni duni waliinamisha vichwa, wakawa wazito hata katika kusoma kadi walizozizoea. Na kesho yake, walipoambiwa kuwa wao ndio bora, walizisoma kadi zile zile kwa muda mfupi zaidi sana. Usiku haukuwaongezea akili. Kilichobadilika ni neno la mwalimu, basi.

Mimi naona tukio lile dogo la kadi kuwa zito kuliko ugomvi wa uwanjani. Ugomvi waonyesha tu kwamba watoto ni wepesi wa kuiga ubaya, jambo ambalo kila mzazi alijua. Kadi zaonyesha kwamba mtoto aliyedharauliwa na mwalimu wake huanza kuwa yule aliyeambiwa kuwa ndiye. Na kama hivyo ndivyo, basi kila mwalimu, hata yule asiye na ajabu yoyote, hufanya zoezi la Riceville kila siku kwa jicho lake, kwa jina analolitaja mara nyingi na jina asilolitaja kamwe. Tofauti ni kwamba yeye hageuzi zamu siku ya pili.

Je, Elliott alikuwa na haki? Wako waliomlaumu tangu mwanzo, na katika mji wake mwenyewe alichukiwa na wengi. Jibu lake kwa wanaomlaumu limekuwa zito: watoto weupe wanahurumiwa kwa mateso ya siku moja, ilhali watoto weusi huteswa maisha yao yote na hapana aulizaye kama waliridhia. Sioni njia ya kuipuuza hoja hiyo. Tena mwaka 1984 wale waliopigwa picha, wakiwa sasa ni watu wazima, walikutana naye tena, na mkutano huo ukaonyeshwa katika televisheni mwaka uliofuata. Walimshukuru. Walisema kuwa somo lile liliwageuza.

Hata hivyo shukrani ya baadaye si idhini ya kabla. Aliyetupwa majini akajua kuogelea hushukuru. Aliyezama hana kinywa. Watoto wa miaka minane au tisa hawakuweza kusema, "Mwalimu, somo hili sitaki," maana hawakujua kuwa ni somo. Walidhani kuwa ni dunia. Nusu ya lawama namwondolea Elliott kwa mambo mawili: aliliwekea somo lake mpaka, kila upande ukaonja na kuonjeshwa; na zoezi lilipokwisha aliifichua siri yote mbele ya wale wale aliowadanganya, akawaacha waseme walivyoumia. Nusu ya pili ya lawama namwachia. Alitumia imani ambayo hakuwa mwenyewe nayo, na hakuwauliza wazazi wao.

Mwaka mmoja kabla yake, Aprili 1967, mwalimu mwingine wa Marekani alikuwa amekwenda mbali zaidi. Ron Jones alifundisha historia katika shule ya sekondari ya Cubberley, mjini Palo Alto, California. Darasa lilipokuwa likisoma habari za Ujerumani ya Hitler, liliulizwa swali ambalo kila mwalimu wa historia hulisikia: iliwezekanaje watu wa kawaida kudai kuwa hawakujua kitu? Jones hakujibu kwa maneno. Alianza kwa kuwafunza wanafunzi kukaa wima, kusimama kabla ya kujibu, kujibu kwa ufupi. Kesho yake akawapa jina la chama na namna ya kusalimiana kwa mkono. Zikaja kadi za uanachama, na wengine wakapewa kazi ya kuwachongea wavunjao amri. Darasa la watu wapata thelathini likawa kundi la zaidi ya mia mbili, maana vijana wa madarasa mengine walikuja wenyewe kuomba kuingia. Siku ya tano akawakusanya ukumbini akiwaambia kuwa kiongozi wa chama cha nchi nzima atatokea katika televisheni. Hakutokea mtu. Ndipo alipowaambia kuwa hapana chama wala kiongozi, akawaonyesha filamu ya Wanazi.

Simulizi hii hupendwa mno, imekuwa riwaya na filamu, na walimu vijana huisikiliza kwa wivu. Ningewaomba watazame jambo ambalo mara nyingi hupitwa haraka. Walikuwako wachache waliopinga, nao walitolewa darasani wakapelekwa maktaba. Fikiri, msomaji. Somo lilikusudiwa kufundisha kuwa mtu ana wajibu wa kukataa amri mbaya. Na wale waliokuwa wamekwisha kulijua somo hilo, waliolifaulu kabla halijatolewa, ndio walioadhibiwa kwa kufaulu kwao. Waliobaki walifundishwa jinsi ya kutii kwa siku nne, na jinsi ya kuona haya kwa saa moja. Jones mwenyewe amesimulia kuwa hakukusudia zaidi ya siku moja, na kwamba alijikuta ameanza kukipenda cheo alichojipa. Mwalimu huyo hakuwa tena akifundisha juu ya hatari. Alikuwa ndiye hatari, na hapakuwa na mtu wa kumwambia.

Mwezi mmoja kabla ya mambo hayo ya California, Machi 1967, Julius Nyerere, aliyepata kufundisha Tabora na Pugu kabla ya kuingia katika siasa kwa ukamilifu, alitoa andiko lake la Elimu ya Kujitegemea. Humo alitaka shule zimlee kijana mwenye akili ya kuuliza, awezaye kujifunza kwa yale watendayo wengine na kuyakataa au kuyageuza yamfae. Husomwa sana kwa habari za mashamba ya shule na kazi za mikono. Mimi hulirudia kwa ajili ya neno hilo la kukataa. Ni neno gumu kwa mwalimu, kwa maana wa kwanza kukataliwa na mwanafunzi aliyefunzwa kukataa ni mwalimu mwenyewe.

Yamkini mtu wa kwetu atauliza: mbona jandoni na katika unyago mwari hutishwa, hufichwa mambo, hupewa mafumbo asiyoyaelewa, na hatukusema kuwa kungwi amemdhulumu? Sisifu kila jambo litendwalo huko. Zipo desturi zilizowaumiza watoto, na kuachwa kwake ni heri. Lakini kungwi hafundishi peke yake nyuma ya mlango uliofungwa. Wakungwi wenzake wanajua atakalolisema, wazee wanajua, nao wote walipitishwa katika njia hiyo hiyo wakatoka. Akizidi kipimo, yuko wa kumzuia mkono. Jones hakuwa na wa kumzuia. Ajabu ya kungwi ni ya watu wote isipokuwa mwari, na kwa mwari ni ya siku chache. Ajabu ya Jones ilikuwa ya mtu mmoja, na yeye mwenyewe hakujua itakoma lini.

Mwalimu wa ajabu kuliko wote katika vitabu, Sokrate wa Athens, alihukumiwa kufa mwaka 399 kabla ya Kristo kwa mashtaka mawili, mojawapo likiwa la kuwaharibu vijana. Hakuwa na shule, hakutoza ada, tena alikana kuwa mwalimu wa mtu yeyote. Plato ameeleza jinsi siku moja alivyomwita mtumwa kijana asiyepata kusoma hesabu, akamchorea mraba wenye upande wa futi mbili, akamtaka atafute upande wa mraba ulio mkubwa mara mbili yake. Kijana akajibu upesi: futi nne. Walipochora ukawa mara nne. Akasema tatu; nayo haikuwa. Hapo akaapa kuwa hajui. Kwa maswali mengine akafikishwa kwenye mstari ukatao mraba kutoka pembe hadi pembe, na huo ndio upande uliotakiwa. Meno, bwana wa mtumwa yule, alikuwa amemfananisha Sokrate na taa yule wa baharini ambaye akiguswa hutia ganzi.

Wako wasemao kuwa maswali yale yalimwongoza mno kijana, na kweli mara nyingi hana la kusema ila ndiyo. Hilo nalikubali. Lakini katika ganzi ile hapakuwa na jambo lililofichwa: mchoro ulikuwa mbele ya macho yao wote, na kila hatua kijana aliweza kuitazama na kuipinga. Mtu yule hakuwa na mamlaka juu ya mwili wake wala siku yake. Hata kuitwa aliitwa kwa amri. Juu ya jibu lake, kwa robo ya saa, alikuwa nayo.

Nami nilipata kufundishwa ushairi na mzee mmoja ambaye huingia darasani kimya, akaandika ubaoni ubeti wa utenzi, akaketi. Alikuwa ametuambia tangu siku ya kwanza kwamba katika kila ubeti wake wa asubuhi mna kosa, la mizani au la vina, na kwamba hatasema neno mpaka mmoja wetu alionyeshe. Siku za mwanzo tulikaa kimya naye, tukiogopa kumsahihisha mtu mzima. Siku moja kimya kile kilidumu karibu kipindi kizima. Kisha msichana wa nyuma akahesabu kwa vidole, akasema, "Mwalimu, kipande cha tatu kina mizani saba." Mzee akainuka, akampa chaki. Alitudanganya kila siku, lakini alitupa kwanza habari ya udanganyifu wake, na chaki ya kuusahihishia.

Leo nafundisha katika kumbi ambamo wanafunzi ni mamia, na alama zao zote za muhula zimo mkononi mwa mtu mmoja asimamaye mbele. Wenzangu vijana hunijia na mashauri mapya: maigizo ya ghafula, mitihani ya uongo, ugomvi wa kupanga kati ya wahadhiri wawili ili darasa liamshwe. Mengine ni mazuri, na darasa lililolala lahitaji kuamshwa. Huwauliza jambo moja tu kabla ya kuwapa maoni yangu: yule atakayesimama katikati ya mchezo akasema hataki, mmemwekea kiti gani? Wengi huwa hawajamfikiria. Mmoja alinijibu, kwa moyo mweupe kabisa, kwamba mwanafunzi wa namna hiyo ataombwa atoke nje kwa muda ili asiliharibu somo.