Msanii, Lugha na Deni: Filamu za Glen Pitre kuhusu Wakajuni

Mjadala kuhusu lugha ya fasihi ya Kiafrika umetuzoesha kuuliza: je, msanii anayeisawiri jamii yake kwa lugha ya wengine ameisaliti? Makala haya yanalirejelea swali hilo kwa kuzichunguza kazi za Glen Pitre, mwongozaji wa filamu aliyezaliwa miongoni mwa Wakajuni wa Louisiana, Marekani.

Wakajuni ni wazao wa Waakadia, walowezi wa Kifaransa ambao Waingereza walianza kuwafukuza Nova Scotia mwaka wa 1755. Katiba ya Louisiana ya 1921 ilikifanya Kiingereza kuwa lugha ya kufundishia, na watoto wengi wakaadhibiwa shuleni kwa kuzungumza Kifaransa. Fedheha ya aina hiyo si ngeni kwetu. Ngũgĩ wa Thiong'o aliieleza katika Decolonising the Mind (1986).

Filamu za mwanzo za Pitre, kama vile La Fièvre jaune, zilikuwa za gharama ndogo, katika Kifaransa cha Kikajuni, na ziliigizwa na wenyeji. Mnamo 1986 alitoa Belizaire the Cajun kwa Kiingereza. Mhusika mkuu, mganga wa kienyeji anayewatetea wenzake dhidi ya genge linalowaamuru kuhama mwaka wa 1859, aliigizwa na Armand Assante, ambaye si Mkajuni.

Wapo watakaosema kuwa mwacha mila ni mtumwa. Hoja yao ina uzito. Belizaire anapozungumza na jamaa zake kwa lugha ile ile ya wanaowafukuza, mpaka uliozaa mgogoro wenyewe unafifia. Kilichobaki ni lafudhi. Hata hivyo, kufikia 1986 vijana wengi wa Kikajuni hawakukielewa tena Kifaransa cha nyanya zao. Filamu ya Kifaransa ingewaenzi wazee na kuwafungia wajukuu mlango. Jamii ni ipi basi: ile iliyoitunza lugha, au ile iliyonyang'anywa?

Kwa maoni yetu, usaliti haumo katika uteuzi wa lugha peke yake. Suala la msingi ni nani anayepewa nafasi ya kuwa hakimu. Mtazamaji wa filamu za mwanzo aliyajua maneno, mavazi na ishara, aliweza kusema, "Hapa umekosea." Mtazamaji wa mbali hana uwezo huo, naye hupokea kila anachopewa. Asiyekuwapo na lake halipo. Kwa hivyo, kadiri hadhira inavyopanuka, ndivyo deni la msanii linavyozidi kuwa zito, maadamu wanaoweza kumsahihisha wamekuwa wachache miongoni mwa wanaomtazama.

Pitre hakutenda kosa kwa kukitumia Kiingereza. Alijitwika dhamana ambayo Kifaransa kilimsaidia kuibeba hapo awali. Mhakiki naye asitosheke kuuliza kazi imeandikwa kwa lugha gani. Aulize pia: wanaosawiriwa wangeiona, wangekuwa na njia gani ya kuikana?