Mtu Aliyeitwa Jitu la Uganda



Wale kati yetu waliokuwa vijana kule Kivu watakumbuka kanda za video za mieleka, zilizoonyeshwa mitaani kwa pesa kidogo. Alikuwamo mtu mmoja mkubwa kupita kiasi, karibu kilo 170, miguu pekupeku, kiunoni nguo ya madoa ya chui, uso na tumbo vimepakwa rangi, mkononi mkuki. Walimwita Kamala, Jitu la Uganda. Ilisemekana alikuwa mlinzi wa Idi Amin. Hakusema neno, alinguruma tu na kujipiga tumbo. Tulipofika Uganda kama wakimbizi tuliwauliza wenyeji kijiji chake kiko wapi. Walitucheka, na walikuwa na haki.

Mtu huyo hakuwa Mganda. Jina lake lilikuwa James Harris, Mmarekani mweusi aliyezaliwa mwaka 1950 katika jimbo la Mississippi, mtu wa familia maskini aliyewahi kuendesha malori. Alicheza mieleka kwanza kwa majina mengine na hakupata sifa kubwa. Mwaka 1982, huko Memphis, wenye biashara ya mieleka walimtungia sura hiyo mpya. Amin alikuwa amepinduliwa mwaka 1979, jina lake lilikuwa bado linatisha, na watu walikuwa tayari kulipa kiingilio ili wamwone Mwafrika wa msituni. Picha za kumtangaza zilipigwa shambani, huko huko Marekani. Baadaye akawa anaongozwa ulingoni na mtu aliyefunikwa uso, mwenye kofia na kaki kama mkoloni wa zamani.

Je, Harris alitenda dhambi?

Ni rahisi kujibu kwamba ndiyo, maana aliishi kwa uongo. Lakini kabla ya kumhukumu tufungue 1 Samweli 21. Daudi amemkimbia Sauli, amefika Gathi, nchi ya adui zake, na wamekwisha kumtambua. Mbele ya mfalme Akishi akajifanya mwenye wazimu, akakwaruza milango, akaacha mate yamtiririke ndevuni. Hivyo akapona. Hatusomi mahali popote kwamba Bwana alimkemea kwa jambo hilo. Sisi tuliovuka mpaka usiku tunaielewa sura hiyo kuliko wafasiri wengi tuliowasoma chuo cha Biblia.

Nasi tumefanya kama Daudi. Wageni walipokuja na kamera, tuliwaambia watoto wavue viatu. Hatusemi "baadhi yetu". Mchungaji wenu alikuwa wa kwanza kusema. Mama mmoja aliyekuwa mwalimu kule nyumbani aliketi chini, akainamisha macho, akajibu kwa kutikisa kichwa kana kwamba hajui kusoma. Hakuna aliyemlazimisha. Tulijua tu picha gani huleta mablanketi, kama Harris alivyojua sura gani huuza tiketi.

Hata hivyo tofauti ipo. Wazimu wa Daudi uliishia langoni kwa Akishi. Sura inayofuata tunamkuta katika pango la Adulamu, ndugu zake wamemshukia, pamoja na watu wenye dhiki na wenye madeni, naye amekuwa mkuu wao. Pangoni alikuwa Daudi tena. Harris alibaki Kamala miaka mingi. Agosti 1992 alipigana na Undertaker katika uwanja wa Wembley, London, mbele ya watu karibu 80,000. Baadaye alisimulia mwenyewe kwamba alilipwa dola 13,000, na mwenzake mara nyingi zaidi. Miezi michache baada ya hapo wakamletea mtu aitwaye Slick, aliyecheza kama mchungaji, amfundishe kwamba yeye ni mtu wala si mnyama. Watazamaji walifurahi. Sisi tukikumbuka jambo hilo leo hatuwezi kufurahi: mtu mzima wa miaka 42 anaambiwa hadharani kwamba ni mtu, na watu wamelipa kiingilio!

Kwa maoni yetu mzigo mkubwa ni wa waliotunga na waliolipa. Lakini uongo haukai na aliyeusema peke yake. Huu ulivuka bahari ukafika kwetu Kivu, na sisi Waafrika wenyewe tukawaamini Wamarekani kuhusu jirani zetu Waganda.

Mwisho wake ulikuwa mgumu. Kisukari kilimfanya akatwe miguu yote miwili, mmoja mwaka 2011 na mwingine 2012. Alitengeneza viti vya mbao kwa mikono yake akaviuza. Aliandika pia kitabu cha maisha yake, na hata hapo, alipofungua kinywa hatimaye, ilibidi jina la Kamala liwekwe kwenye jalada. Alifariki Agosti 2020, akiwa ameambukizwa korona.

Wageni wanakuja tena mwezi ujao. Tumewaomba akina mama watoto wote wenye viatu wavae, na yule mama mwalimu ndiye atakayesoma risala. Mzee mmoja wa kanisa amepinga kwa nguvu. Anasema mablanketi yatakwenda kwa wengine, na mvua imekaribia. Ana wajukuu sita nyumbani. Tumekaa naye mara mbili, na bado hatujapata jibu la kumpa.