Mlio wa Tumbili na Ulimi wa Mtu

Jua, ndugu msomaji, kwamba kauli ni amana hata kwa mnyama. Tumbili wa Amboseli, katika Kenya, aonapo chui hulia mlio wake, na wenziwe hukimbilia mitini. Aonapo tai hulia mwingine, nao hutazama juu. Aonapo nyoka hulia wa tatu, nao husimama kwa miguu miwili wakaangalia chini. Khabari hii waliieleza wataalamu Seyfarth, Cheney na Marler mwaka 1980, baada ya kuwasikizisha tumbili milio hiyo kwa chombo, pasipo adui.

Mwaka 1988 Cheney na Seyfarth wakaeleza kubwa zaidi. Mlio wa tumbili mmoja, wa kuonya kuwa kundi jingine laja, ulipokaririwa bure, wenziwe waliacha kuujali. Walakini walipousikia kwa mwingine waligutuka. Basi tumbili hupima mlio, na mwenye kulia pia.

Je, sisi wenye akili yatufalia kupokea kila khabari pasipo kuuliza imetoka kwa nani? Na mwenye kuzoea uwongo naye azingatie: siku atakapouona moto kweli, atapiga ukelele asipate wa kumwitikia, na watakaoungua ni wasio na hatia.