JINA LAKE NI NANI?
Somo: Luka 1:57-66



Siku ya nane majirani na jamaa walikusanyika kwa Zakaria na Elisabeti, nao walikwisha kumchagulia mtoto jina la baba yake. Mama akakataa. Zakaria, ambaye hakuweza kusema, akaomba kibao, akaandika ya kuwa mtoto ni Yohana. Maana yake kwa Kiebrania ni kwamba Mungu amefadhili. Wazazi hawakulipenda kwa utamu wa sauti. Walilipokea kwa malaika.

Siku hizi wazazi wengi huja kwa Padri na jina walilolikuta katika simu, na maana yake imeandikwa pembeni. Kujali maana ni vema, lakini si kila kilichoandikwa ni kweli. Katika orodha za Marekani, "Zuri" ni jina la Kiswahili la msichana. Watoto wetu wa darasa la pili wanajua ya kuwa twasema jina zuri na shamba zuri, lakini mtoto ni mzuri. Ikiwa wanateleza katika lugha tuijuayo, tutawaaminije bila kupima katika Kiebrania na Kiyunani?

Wengi husema Maria ni "nyota ya bahari". Wataalamu wengi huona ya kuwa Mtakatifu Jeromu aliandika kwa Kilatini "stilla", yaani tone. Wanakili wakaandika "stella", yaani nyota. Herufi moja tu! Hilda maana yake ni vita, lakini Mtakatifu Hilda wa Whitby, aliyefariki mwaka 680, wafalme walimwendea kwa shauri jema. Yuda ni sifa (Mwanzo 29:35), na Bwana alikuwa na mtume mwingine wa jina hilo, asiyemsaliti. Basi tuangalie maana, tuangalie na mwenye jina.

Sasa nataja jambo zito. Wako wanaoambiwa ya kuwa jina la bibi, au jina kama Tabu na Shida, limebeba laana. Mtoto huvuliwa jina, na bibi hutazamwa kama mchawi ndani ya nyumba aliyoijenga. Ndugu, mmemwuliza? Huenda jina lasimulia mwaka wa njaa, au uzazi mgumu ambao Mungu aliuvusha. Huo ni ushuhuda, si pepo.

Raheli alipokuwa akifa alimwita mwanawe Benoni, mwana wa uchungu wangu. Yakobo akamwita Benyamini, mwana wa mkono wa kuume (Mwanzo 35:18-20). Mzazi aweza kubadili jina. Lakini Yakobo hakumtukana Raheli. Alisimamisha nguzo juu ya kaburi lake.

Wakulima wa kahawa mnajua kuchambua: mbivu kando, mbichi kando. Fanyeni hivyo na majina. Jina la ukoo, waulizeni wazee wangali hai. Jina la Biblia, someni mahali lilipoandikwa. Jina la mtakatifu, jifunzeni maisha yake. Kisha mwulizeni Padri au katekista mapema, wala si mlangoni mwa kanisa, ili liandikwe sawasawa katika daftari la ubatizo.

Na wadhamini wakumbuke: jina jema bila malezi ni kibao kitupu.

Mungu anayetuita kila mmoja kwa jina lake (Isaya 43:1) awalinde watoto wetu, na wazee waliotuita sisi. Amina.