Je, ni halali kumcheka aliyeanguka?

Nyumbani wengi tulifundishwa: usimcheke mwenzako akianguka. Lakini filamu fupi za zamani zisizo na sauti zinatuchekesha hivyo hivyo: mtu anateleza, anapigwa teke, anamwagiwa supu. Sasa tukicheka, tunakosea?

Chukua The Immigrant, yaani Mhamiaji, ya mwaka 1917. Charlie Chaplin, ambaye Wakongomani tunamwita Charlot, yuko melini na wahamiaji wanaokwenda Marekani. Meli inayumba, bakuli la supu linateleza mezani huku na huku. Yeye na mwenzake wa upande wa pili kila mmoja anachota likimfikia. Halafu Sanamu ya Uhuru inaonekana. Papo hapo maofisa wanawazungushia kamba kama ng'ombe. Charlie anampiga ofisa mmoja teke.

Niliwaonyesha vijana hapa Bwera. Haikuhitaji VJ wa kutafsiri. Supu waliicheka, teke wakalipigia kelele. Lakini kwenye kamba, dada mmoja aliyevuka Mpondwe na wadogo zake akaniuliza: "Kaka, wanacheka nini? Mimi nilisimama ndani ya kamba kama hiyo."

Kumjibu "ni mchezo tu" haitoshi, maana kamba ni ya kweli. Mimi naona jambo ni hili: nani anacheka, na amesimama wapi? Chaplin alizaliwa London mwaka 1889, na utotoni alipelekwa kwenye nyumba ya maskini. Katika filamu hii yuko ndani ya kamba, hakuishika.

Mama akiteleza matopeni na jerikeni yake, majirani wakicheka, naye hucheka, kwa sababu kesho ni zamu yao. Akicheka mwenye orodha ya posho, mama anainamisha kichwa. Kwa hiyo wewe unayeshika orodha, jiulize: huyu anaweza kunicheka kesho bila kuogopa jina lake litarukwa? Kama hawezi, acha kucheka, mwinue.

Na sisi tulio ndani ya kamba tusilazimishane. Wanasema kicheko ni dawa, sawa, lakini si kila mgonjwa anapewa dawa moja. Filamu bado naionyesha. Siku hizi natangulia kusema kwamba mbele kuna kamba, na asiyetaka kuiona anaweza kutoka kidogo, tutamwita wakati wa teke.