Mkwe Asiyeulizwa Kwao

Kisa hiki si cha mtu mmoja. Nimekiunga kutokana na mambo yanayojulikana sana Nanyuki, mji wa Laikipia ambako jeshi la Uingereza hufanyia mazoezi. Vikosi huja kwa zamu za wiki chache, huingia porini, kisha hurudi mjini na pesa mfukoni. Wenyeji huwaita majoni.

Binti mmoja muuza mitumba alipendana na joni. Dada yake mkubwa alikuwa ameposwa na kijana wa Meru, na baba mtu alimhoji jioni nzima: wewe mtoto wa nani, kwenu wapi, wazee wako watakuja lini? Joni alipoletwa nyumbani alipewa kiti kizuri na kuchinjiwa kuku. Hakuna aliyemuuliza hata jina la babake. Majirani walisema ni heshima kwa mgeni. Mimi naona ilikuwa tamaa, na mzee alikuwa nayo kumshinda bintiye.

Kikosi kikaondoka, simu ikazimwa, mimba ikiwa ya miezi mitatu. Langoni pa kambi binti aliulizwa jina kamili la mwanajeshi na kikosi chake. Alikuwa na "Tom" na picha moja waliyopigwa baa. Mtoto alipozaliwa, nafasi ya baba kwenye cheti iliachwa wazi; enzi hizo sheria ya Kenya ilikataza jina la baba wa mtoto wa nje ya ndoa kuandikwa bila ridhaa yake, mpaka Mahakama Kuu ilipoitengua mwaka 2016. Shuleni wenzake walimwita mzungu maskini.

Miaka ya karibuni wanasheria wa Uingereza wamekuwa wakichukua vipimo vya DNA vya watoto wa aina hii. Hulinganishwa na hifadhi za DNA ambazo watu hupelekea mate yao wakitafuta nasaba. Akipatikana binamu wa mbali, ukoo hufuatwa hadi kwa baba. Kuna waliothibitishwa na mahakama ya London, na hapo mtoto anaweza kudai matunzo, pengine hata uraia.

Joni wa binti huyu alipatikana hivyo. Hakuitwa Tom, alikuwa na mke na watoto, na bintiye wa Nanyuki alishatimiza miaka 16. Habari ilipofika nyumbani, babu aliuliza swali moja: atatuma kiasi gani?