Fungu la Chura

Katika mahakama za Tanzania, anayekamatwa na meno ya tembo hushtakiwa kwa kupatikana na nyara za serikali. Jina hilo la kosa linaonyesha sheria inavyomtazama mnyama: ni mali, na aliyekosewa ni mwenye mali. Hata hivyo, Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya 2009 inamweka Rais kuwa mdhamini tu wa wanyama hao kwa niaba ya wananchi. Mdhamini si mmiliki. Aliyeachiwa amana haruhusiwi kuitumia mpaka ikaisha, na hapo ndipo sheria inapoanza kuvuka wazo la umiliki.

Inavuka kwa shida, kama alivyoonyesha chura wa Kihansi. Chura huyu wa manjano hafikii urefu wa sentimita 3. Hana pembe, ngozi yake haiuziki, wala si kitoweo. Jike hatagi, huzaa vitoto vilivyokamilika, vidogo kama punje za mchele. Makazi yake yote yalikuwa hekta chache za majani na mimea ya miambani, chini ya maporomoko ya Mto Kihansi katika milima ya Udzungwa, palipolowa usiku na mchana kwa manyunyu ya maji yaliyokuwa yakianguka. Alipogunduliwa mwaka 1996, ujenzi wa bwawa la umeme juu ya maporomoko hayo ulikuwa umeshaanza. Maji yalipoelekezwa kwenye mitambo ya megawati 180, manyunyu yakakatika na majani yakakauka.

Hakuna aliyemwinda chura huyo, na hapakuwa na bunduki wala mtego. Sheria ya ujangili humtafuta aliyeua kwa mkono wake, lakini hapa kilichoondolewa ni unyevu. Kumlinda kiumbe, basi, ni kulinda hali inayomwezesha kuishi, na ulinzi wa namna hiyo humgusa mtu asiye na nia mbaya hata kidogo.

Mtu huyo ana hoja nzito. Umeme huwasha hospitali na mashine za kusaga, na kuupuuza kwa ajili ya chura ni kuwakosea watu. Lakini mizani haiko sawa: umeme unaweza kutoka mto mwingine au gesi, ilhali chura huyu hakuwa na maporomoko mengine popote duniani.

Je, chura ana haki? Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 haisemi hivyo. Haki ya mazingira safi inampa mtu, pamoja na wajibu wa kuyalinda. Jibu hilo linatosha kwa sehemu tu, kwa kuwa wajibu huo humfikia chura pale tu palipo na mtu aliyemwona na akamsemea.

Kwa Kihansi watu hao walikuwepo. Mwaka 2000 vyura wapatao 500 walipelekwa Marekani kuzalishwa, na mabomba ya kunyunyizia yakatandazwa bondeni. Mwaka 2003 waliobaki waliporomoka, huku ugonjwa wa ukungu wa ngozi ukishukiwa, na mwaka 2009 ikatangazwa kwamba wametoweka porini. Uzao wa wale wa Marekani ulianza kurejeshwa bondeni mwaka 2012. Sehemu ya maji ya mto sasa haipiti kwenye mitambo, huachwa ianguke.